Kuhesabu Kinyumenyume: Koliflawa ya Ubaruku

Mtu akitaja Ubaruku, anayemsikiliza anawaza mpunga, wala hakosei. Mji huu wa wilaya ya Mbarali umekaa ndani ya bonde la Usangu, na kuanzia shamba kubwa lililojengwa kwa msaada wa China miaka ya 1970 hadi majaruba ya mwenye robo eka, maisha yanafuata maji ya mfereji na kelele za mashine za kukoboa. Kabla ya shamba hilo, Wabaluchi waliohamia Usangu walikuwa wameshaonyesha kwamba mto ukichepushwa vizuri, mpunga unakubali. Kwa hiyo anayetaka kuzungumzia koliflawa Ubaruku anaanza na deni. Watu watamwonyesha ukuta wa milima ulioko kusini na kumwambia kwamba mboga hiyo inatoka kule.

Inatoka kule kweli. Pale Chimala, kwenye barabara kuu ya kwenda Mbeya, inachepuka njia ya kupanda Matamba ambayo watu wanaiita Hamsini na Saba kwa hesabu ya kona zake. Usangu ipo kwenye mita elfu moja na kidogo kutoka usawa wa bahari. Uwanda wa Kitulo, ulio nyuma ya Matamba, ule wenyeji wanaouita Bustani ya Mungu na ambao tangu 2005 ni hifadhi ya taifa, unafika mita 2,600 na zaidi. Kwa kawaida kila ukipanda mita 1,000 joto linapungua kama nyuzi sita. Aliyeondoka Chimala na shati la mikono mifupi anashuka kwenye gari juu akiuliza koti liko wapi, na koliflawa ikipandwa huko haihitaji kubembelezwa.

Mkulima wa Ubaruku hana kona hamsini na saba za kumsaidia. Alichonacho ni Juni, Julai na kipande cha Agosti. Miezi hiyo mvua zimekwisha, anga liko wazi, usiku watu wanavuta blanketi, na akina mama wanaodamkia sokoni wanajitupia kitenge cha pili mabegani. Matamba baridi inaishi. Ubaruku inapita tu. Ufundi wote wa koliflawa ya bondeni ni kuhakikisha kwamba siku baridi inapopita, mmea umeshasimama mlangoni, umekamilika umbo, unangoja. Nimeziona bustani za juu na za chini, na kwa maoni yangu fundi mkubwa ni yule wa chini. Wa juu anasaidiwa na mlima.

Ili kuelewa kwa nini wiki chache zina uzito huo, inafaa kukitazama kile kichwa cheupe kwa makini. Hakihesabiki kuwa jani, na ua hakijawa. Koliflawa, kabichi, sukuma wiki na brokoli ni watoto wa mmea mmoja wa porini wa pwani za Ulaya. Kwa karne nyingi binadamu alikuwa akichagua mbegu: huku ya majani yaliyojifunga, kule ya majani yaliyo wazi, na hapa ya ncha ya shina iliyogoma kuchanua. Mwaka 2021 watafiti wa Ufaransa, wakiwemo François Parcy na Christophe Godin, walieleza katika jarida la Science jinsi mgomo huo unavyokwenda. Ncha ya mmea inaamriwa kutoa ua. Inaanza, inashindwa kulikamilisha, inarudi kuwa shina. Lakini shina hilo limeshapita kwenye hali ya ua, kwa hiyo halirudii kazi ya majani. Linatoa vichipukizi, navyo vinaanza, vinashindwa, vinatoa vingine. Jambo hilo linajirudia bila kukoma hadi kisu kiingie. Ukinunua kichwa kimoja umenunua maelfu ya maua yaliyoishia njiani.

Kata kichwa, kiweke kwenye mwanga wa dirisha, ukiinamie. Vijichwa vyake vimejipanga kwa mizunguko, mmoja ukielekea kulia, mwingine kushoto. Ukiihesabu mizunguko hiyo taratibu kwa ncha ya kidole, mara nyingi utapata 5 upande mmoja na 8 upande wa pili, au 8 na 13. Kila kijichwa nacho kina mizunguko yake midogo, na kila kidogo kina vingine ndani yake, mpaka macho yachoke. Sijui mboga nyingine ya gengeni inayomlipa mtu hivi kwa kuitazama tu kabla hajaipika.

Basi mgomo huo mzuri unategemea ubaridi. Ubaridi ndio unaoushawishi mmea uache kutoa majani na uanze kichwa, na ubaridi ndio unaokifanya kichwa kibaki kimeshikana. Kati ya nyuzi joto 15 na 20 koliflawa imetulia. Joto likikaa juu ya 25, aina nyingi huchanganyikiwa. Nyingine huendelea kutoa majani tu, mwezi hadi mwezi, mmea mkubwa usio na kitu katikati. Nyingine hutoa kichwa chenye vijani vya kijani vilivyopenya katikati ya weupe. Na nyingine uso wake huacha kuwa laini, ukatoka punjepunje kama wali uliokauka sufuriani. Ubaruku wali una heshima zake, lakini koliflawa yenye sura ya wali ni aibu, na mteja hainunui.

Ndiyo maana mwenye kuijua kazi hii huanza hesabu mwisho. Mwanzo mbaya ni kununua pakiti ya mbegu siku mvua inapoanza kwa sababu kila mtu anapanda. Fundi anauliza: wiki zipi ninazoziamini kwa baridi? Anajibu: katikati ya Julai hadi katikati ya Agosti. Pakiti inasema aina yake inakomaa siku 65 baada ya kuhamishiwa bustanini. Anarudi nyuma siku 65 kutoka tarehe 14 Julai, anaangukia tarehe 10 Mei. Hiyo ndiyo siku ya kupandikiza. Mche unataka wiki tano kitaluni, basi mbegu inaingia kwenye udongo tarehe 5 Aprili. Kisha hapandi zote. Anasia kidogo tarehe 5 Aprili, kidogo tarehe 20, na kidogo tarehe 5 Mei, ili vichwa vifuatane badala ya kukomaa vyote juma moja, maana koliflawa iliyoiva haimsubiri mtu. Fungu la mwisho linavunwa katikati ya Agosti. Baada ya hapo joto linaanza kupanda kuelekea Oktoba na Novemba, miezi ya joto kali kuliko yote bondeni, na kusia tena ni kucheza kamari.

Aina ya mbegu ni nusu ya hesabu hiyo. Kuna aina za Ulaya zilizozoea kupita kwenye majira ya baridi kali kabla ya kutoa kichwa. Hizo Ubaruku zitakupa majani ya kutosha kulisha mbuzi. Kinachotakiwa ni aina ya mapema. Katika hili tunawadai shukrani wakulima wa India. Koliflawa ilifikishwa kwao mwaka 1822, katika bustani ya Saharanpur, na kizazi baada ya kizazi wakawa wanaweka mbegu za mimea ile tu iliyotoa kichwa bila kusubiri baridi kali. Kazi hiyo ya mikono isiyoandikwa majina ndiyo iliyoifanya koliflawa ikubali nchi za joto. Kwenye maduka ya pembejeo ya Mbeya na Iringa utaona Snowball za miaka mingi na mbegu chotara za siku hizi. Muhimu ni kusoma mgongo wa pakiti, siku za kukomaa na hali ya hewa inayotakiwa, na kuacha ile ya siku mia hata kama picha yake inavutia zaidi.

Wa juu wana kalenda tofauti, na mara nyingine imegeuka kabisa. Uyole, kilipo kituo cha utafiti wa kilimo, kwenye mita kama 1,800, mwenye maji anaweza kupanda karibu mwaka mzima. Lakini kule Kitulo, Makete, Njombe na sehemu za Mufindi, alfajiri za Juni na Julai huamka na sakitu, ile barafu nyembamba juu ya nyasi, na kichwa cheupe kikipigwa nayo kinabadilika kuwa kahawia na kuoza. Huko fundi anahesabu ili avune kabla ya Juni, au asie Julai kitaluni chini ya kifuniko na kuvuna Novemba, wakati joto lao ni lile ambalo sisi bondeni tunaliita ubaridi. Jirani wa juu anaikimbia baridi, wa chini anaikimbilia, na kila mmoja anamwona mwenzake ana bahati.

Sasa kitalu. Nilikitazama cha mama mmoja pale Ubaruku, mjane wa makamo anayelima nyuma ya nyumba yake kipande kisichozidi upana wa chumba cha darasa. "Shikamoo mama." "Marahaba. Pita huku baba, usinikanyagie mfereji." Salamu ziliishia hapo, kwa sababu alikuwa na mbegu kiganjani, na mbegu za koliflawa ni ndogo kiasi kwamba gramu moja ina karibu 300. Upepo kidogo tu na pesa imepeperuka.

Tuta lake la kitalu lilikuwa limeinuliwa kiasi cha shibiri. Aprili mvua bado ipo, na maji yakituama kwenye kitalu huleta kinyausi: mche unasimama jioni, asubuhi umelala, shingo yake imenywea pale inapogusa udongo. Dawa yake ya kwanza ni kinga. Udongo wake aliuchanganya na samadi iliyooza hadi ikapoteza harufu, na maganda ya mpunga yaliyochomwa. Maganda hayo yanajaa nyuma ya kila mashine ya kukoboa mjini, watu wanayaona takataka. Yeye anayachoma polepole, anayamwagia maji yakiwa meusi kabla hayajageuka majivu meupe, na udongo wake unakuwa mwepesi, unapitisha maji, mizizi inapita bila kuhangaika. Alichora mistari kwa kijiti, kina cha sentimita moja hivi, umbali wa upana wa kiganja kati ya mstari na mstari, akadondosha mbegu moja moja kwa kidole gumba na cha shahada. Akafunika. Juu akatandaza nyasi, na juu ya nyasi, kwenye fito nne, akafunga kiroba kilichopasuliwa ili matone makubwa ya mvua yasiichimbe mistari. Siku miche inapochomoza, siku ya nne au ya tano, nyasi zinaondolewa jioni hiyohiyo. Ukichelewa siku mbili, miche inarefuka ikitafuta mwanga, na mche uliorefuka hivyo hautengenezeki tena.

Kinachofuata ni wiki za kuangalia. Anapunguza iliyosongamana. Anapunguza kivuli kidogo kidogo. Siku saba za mwisho anapunguza na maji pia, ili mche uzoee shida ndogo kabla ya safari. Hapa kuna mpaka mwembamba, na ndipo nilipomheshimu zaidi. Kuzoesha shida ni jambo moja, kudumaza ni jingine. Mche wa koliflawa uliokaa kitaluni wiki saba au nane, au uliokosa maji na chakula, unaamini maisha yake yamekwisha; ukihamishwa unakimbilia kutoa kichwa hapohapo, kichwa cha ukubwa wa kifungo cha koti, na hakuna mbolea itakayokikuza. Kwa hiyo ukiona umechelewa kutayarisha matuta, heri kusia upya kuliko kuipandikiza miche iliyozeeka.

Siku ya kupandikiza aliing'oa miche kwa kijiti, akishika jani, si shina, kisha akafanya kitu ambacho sijawahi kukiona kwenye vitabu vya mabwana shamba ingawa wenye uzoefu wote wanakijua. Kila mche aliuinamisha, akafungua vijani vya katikati kwa ncha ya ukucha, akatazama kama ile ncha ya kukulia ipo. Mdudu akiila, au ikiumia, mche unabaki na majani yake mazuri manne matano na afya tele, unakua, unapendeza, na hautoi kichwa milele. Ni kipofu. Kwenye miche mia moja unaweza kukuta mitano, sita ya namna hiyo. Kwa jicho la mpita njia yote ni sawa. Yeye aliitupa pembeni bila huruma, mmoja baada ya mwingine, huku akiongea mambo mengine kabisa.

Udongo wa kuhamishia unatakiwa uwe na chakula kingi, kwa sababu koliflawa ni mlaji. Ndoo ya lita 20 ya samadi iliyoiva kwa kila mita nne za mraba ni kiasi cha haki. Udongo mwingi wa Ubaruku ni mfinyanzi unaoshika maji, mzuri kwa mpunga, mbaya kwa mizizi ya kabichi na ndugu zake, ndiyo maana matuta yanainuliwa. Nafasi ni sentimita 60 kati ya mistari na 50 kati ya mche na mche. Ukibana, unapata vichwa vidogo, na kwa familia ndogo hilo lenyewe si dhambi. Anapandikiza jua likishazama nusu, anamwagilia shimo kabla na baada, anabana udongo kwa vidole viwili. Kisha anatandaza mabua ya mpunga kati ya mimea, unene wa sentimita tano, akiacha duara tupu kuzunguka kila shina ili sota wasipate pa kujificha. Mabua hayo yanafanya kazi kubwa kuliko yanavyoonekana. Udongo chini yake adhuhuri una ubaridi unaousikia ukiingiza kidole, na kwa mmea unaotafuta Matamba bondeni, hatua hiyo ni kona kadhaa za ile barabara.

Kuanzia hapo kanuni ni moja: mmea usishtuke. Kabichi ikikosa maji siku nne inanuna kisha inasamehe. Koliflawa inakumbuka. Ukiinyima maji mwezi wa kwanza, utaiona adhabu mwezi wa tatu, kichwa kidogo kilichoanza mapema. Inataka kama lita 25 kwa mita ya mraba kila wiki, zikigawanywa mara mbili au tatu, asubuhi, kwenye shina. Mfereji unashawishi, maji yapo, unafungua na kuacha yatiririke. Lakini maji ya mfereji yakikaa usiku kucha kwenye tuta mizizi inakosa hewa. Mama huyu anatumia keni. Mbolea ya kukuzia, kijiko cha chai cha CAN kwa kila mmea wiki ya tatu na kingine wiki ya sita, inawekwa sentimita kumi kutoka kwenye shina na kufunikwa.

Yapo madini mawili ambayo mkulima wa kabichi anaweza kuishi bila kuyafikiria, na wa koliflawa hawezi. La kwanza ni boroni. Ikikosekana, shina linakuwa na uwazi ndani na kichwa kinapata mabaka ya kahawia yaliyolowa, machungu mdomoni. Gramu 20 za boraksi kwenye mita kumi za mraba, zikiyeyushwa kwenye maji na kunyunyizwa sawasawa kabla ya kupanda, zinatosha, na usiongeze kwa kudhani unafanya vizuri, maana boroni ikizidi ni sumu kwa mmea. La pili ni molibdenamu, ambayo udongo wenye tindikali huifungia. Jani linatoka jembamba, limebaki uti wa kati tu na kipande cha unyoya pembeni. Tatizo hilo ni la milimani zaidi, kwenye udongo wa mvua nyingi, na tiba yake ya kawaida ni chokaa miezi miwili mitatu kabla.

Kuhusu wadudu ninaweza kuandika kurasa, lakini mmoja anatosha. Kuna nondo mdogo wa kijivu ambaye akikunja mabawa anaonyesha alama za almasi mgongoni. Viwavi vyake, vya kijani na vyembamba, vinakula jani upande wa chini na kuacha ngozi ya juu, kwa hiyo jani linabaki na vidirisha vinavyopitisha mwanga. Kiguse kimoja kwa kijiti: kinarudi kinyumenyume kwa kujinyonganyonga, kisha kinajitupa na kuning'inia kwenye uzi. Huyu ndiye mdudu wa kwanza wa mazao kujulikana kuizoea DDT, kule Java mwaka 1953, na tangu hapo ameshazoea dawa nyingi zilizofuata. Ndiyo maana kupuliza kila wiki kwa ratiba, sumu ileile, kama wanavyofanya wengi wenye mashamba ya kabichi barabarani, ninaona ni kumfundisha adui. Watafiti wa kituo cha icipe mjini Nairobi walichukua njia nyingine. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 walileta kutoka Taiwan nyigu mdogo anayetaga ndani ya viwavi hivyo, wakamwachia kwenye kabichi za nyanda za juu za Kenya. Bustani ya nyuma ya nyumba ina nyigu wake pia, na buibui, na ladibagi wa kula vidukari, ukiwaachia nafasi. Mama wa Ubaruku anageuza majani kila asubuhi kabla jua halijachoma, anaminya mayai na viwavi kwa vidole. Mimea sitini inamchukua muda wa chai kuchemka. Shamba la eka mbili huwezi kulifanyia hivyo, na hiyo ndiyo faida kubwa ya bustani ndogo ambayo watu hawaihesabu.

Uozo mweusi hauminywi kwa vidole. Huo unaingia kwenye kingo za jani, rangi ya manjano inayochongoka kuelekea katikati na mishipa iliyogeuka myeusi, na unasafiri kwa mbegu na kwa matone ya maji. Mmea wenye dalili hiyo unang'olewa na kuchomwa, jioni hiyohiyo.

Kisha siku moja, mwisho wa Juni, unafunua majani ya kati na kuna kitu. Cheupe, ukubwa wa yai la kuku. Kwa mgeni ni furaha. Kwa fundi ni kengele. Jua likikigusa sasa kinageuka manjano, kisha kinapata kivuli cha zambarau, na ladha inakuwa kali. Inabidi kifichwe. Kuna wanaovunja jani moja kubwa kwenye uti wake na kulilaza juu, kazi ya sekunde mbili. Mama huyu anakusanya majani manne au matano ya nje, anayainua pamoja juu ya kichwa na kuyafunga kwa uzi wa mgomba uliokauka, si kwa kubana, kwa kuacha nafasi ya hewa na ya kukua. Hafungi asubuhi umande ukiwepo, kwa sababu unyevu ukifungiwa ndani unaozesha. Anafunga alasiri, majani yakiwa makavu na yamelegea kidogo kwa jua, yanakubali kuinama bila kukatika.

Na kwa sababu vichwa havianzi siku moja, pamoja na uzi wa mgomba anaweka kipande cha kitambaa: chekundu kwa vilivyofungwa wiki hii, cha buluu kwa wiki ijayo, cha njano kwa inayofuata. Ukipita barabarani unaona vitambaa vya vitenge vikipepea juu ya majani na unadhani ni vya kufukuzia ndege. Ni daftari. Kwa baridi ya Julai, kilichofungwa leo kinaiva ndani ya siku kumi hadi kumi na mbili. Jua likiwa kali, siku saba au nane. Kuanzia siku ya sita anafungua kimoja katika kila rangi, anachungulia, anafunga tena.

Kuvuna kunahitaji moyo mgumu, kwa sababu kila kichwa kinaonekana kingeweza kuongezeka kidogo. Kipimo ni ukingo. Vijichwa vya pembeni vikiwa bado vimekazana na vya kati, kata. Vikianza kuachana, hata kwa unene wa ukucha, umeshachelewa siku mbili. Kitaliwa, lakini kitaruka punje kwenye kisu. Anakata asubuhi na mapema, kisu chini ya kichwa, akiacha majani machache yakizunguke yakilinde njiani. Vichwa viwili vya jirani aliyemwachia maji zamu yake, vitatu vya mgahawa wa Rujewa unaopika kwa wageni wa semina, vilivyobaki ni vya nyumbani.

Jikoni anakipasua vipande na kukiloweka kwenye maji ya chumvi nusu saa, na kama kuna kiwavi kilichokwepa vidole vya asubuhi, kitaelea. Hachemshi hadi kilainike, maana koliflawa iliyochemka sana inatoa harufu ya yai bovu na kuwafanya watoto waichukie maisha. Anakaanga kitunguu, nyanya na binzari, anatupia vipande, anafunika dakika chache, anaepua vikiwa bado vinalia kwenye meno. Wali upo, bila shaka. Majani ya nje anayakatakata na kuyapika kama sukuma wiki. Sioni kwa nini watu wanayatupa.

Shina halitoi kichwa cha pili. Brokoli ingekupa vichipukizi vya pembeni kwa wiki kadhaa, koliflawa ikikatwa imemaliza. Mama anang'oa visiki siku hiyohiyo, anampa mbuzi, na kwenye lile tuta anaingiza maharage. Kabichi, chainizi, figiri, sukuma wiki, yeyote wa ukoo ule, hataruhusiwa hapo mpaka mwaka wa nne. Mwakani koliflawa itahamia upande wa choo, ambako alishaanza kumwaga samadi.